Bakuli la Jirani

Jirani yangu hapa Kileleshwa akikaanga mandazi, harufu ya iliki hupenya chini ya mlango wangu, nami huacha chochote ninachofanya.

Tulikuwa tukiishi Woodley mama alipopata ule ugonjwa wa kuteleza. Aliyeugua aliteleza kimawazo akarudi miaka ya nyuma, akakaa huko saa moja au wiki nzima, kisha akarejea kwetu. Watoto tulionywa tusiwabishie wagonjwa, kwa sababu aliyebishiwa alichelewa kurudi.

Siku hiyo nilitoka shule nikamkuta jikoni, unga umempanda hadi viwikoni. Aliniangalia kwa upole, kama anavyoangaliwa mgeni.

“Wewe ni mtoto wa nani?”

Mezani palikuwa na bakuli la bluu la jirani yetu.

“Wa hapo nyumba ya pili. Nimetumwa nichukue bakuli letu.”

“Ai, na nilirudishe tupu? Ngoja kidogo.”

Alilijaza mandazi, akanipangusa vumbi shavuni kwa kona ya leso, kisha akajishika tumbo.

“Mungu akinipea, nataka kasichana kama wewe.”

Akanifungulia mlango.

“Haya, mpelekee mama yako yakiwa bado moto. Umsalimie sana.”

Nilisema nitamsalimia. Nikazunguka nyumba, nikakaa kwenye ngazi za nyuma na bakuli mapajani, nikimngoja arudi, mpaka mandazi yakapoa.

Zile salamu bado ninazo.