Niliwaambia Waandike Majina

Siku yangu ya kwanza kazini, mwaka 2015, nilifika na mtoto mgongoni. Sikuwa na wa kumwachia. Neema alikuwa na miezi mitano, na ule ukumbi wa Jeppestown ulikuwa na baridi ya Juni, ile ya Johannesburg inayoingia mpaka kwenye meno. Afisa wa Mashauriano, mama wa Kisotho mwenye miwani ya kamba, aliniangalia juu mpaka chini.

"Niliomba mkalimani mmoja," alisema. "Mmekuja wawili."

"Huyu hasemi bado, mama."

"Afadhali. Wanaosema ndio wananiumiza kichwa."

Ndivyo nilivyopata kazi. Siku hizi mabinti waliomaliza sekondari kama mimi, wanaojua Kiswahili, Kifaransa, Kiingereza na Kizulu cha sokoni, wananiuliza kazi ya ukalimani wa serikali ikoje. Nitawaambia, na sitaipamba.

Kabla jiji halijapitisha sera, yaani mpango wa namna litakavyoendesha jambo fulani, sheria inalitaka liwasikilize watu kwanza. Hayo ndiyo mashauriano. Afisa anasoma rasimu, ambayo ni sera ikiwa bado mbichi, watu wanauliza, karani anaandika, kisha ripoti inapelekwa kwa kamati ya madiwani. Madiwani hawafiki ukumbini. Wao wanasoma ripoti tu, kwa hiyo kisichoandikwa hakikutokea. Mkalimani anasimama katikati: afisa akisema sentensi mbili unazigeuza, mwananchi akipiga kelele unazigeuza kelele zake pia. Yule mama alinipa kanuni moja tu. "Usiongeze, usipunguze. Wewe ni bomba. Bomba halina maoni juu ya maji."

Niliipenda kanuni hiyo. Nilikuwa na miaka ishirini na sita, nimetoka Uvira, Kongo, na begi moja, na kusimama mahali ambapo hakuna anayeniuliza naonaje kulinipumzisha.

Kilichonishinda kukigeuza ni serikali yenyewe. Nchi hii ina serikali tatu, ya taifa, ya jimbo na ya jiji. Wenyewe hawapendi kusikia kwamba moja iko juu ya nyingine, wanasema zinakaa bega kwa bega. Haya. Lakini karatasi yako ya ukimbizi ni ya taifa, shule ya mtoto na hospitali kubwa ni za jimbo, na kile kipande cha kando ya barabara unapoweka meza yako ni cha jiji. Kule Diepsloot, pembezoni mwa jiji, alisimama mzee mmoja Mrundi mwenye spaza, kiduka cha sukari na mkate.

"Jiji linataka karatasi yangu ya ukimbizi ndipo linipe kibali cha duka," alisema. "Taifa linasema nisubiri karatasi. Sasa dukani nikae au nisikae?"

Afisa alijibu kwamba suala la karatasi si la jiji. Niligeuza.

"Mwambie sikuuliza ni la nani. Nimeuliza nikae au nisikae."

Ukumbi ulicheka, na nilipogeuza Afisa naye akacheka. Kisha akamwambia karani aandike "limepokelewa." Kwa lugha ya ofisi, limepokelewa maana yake limeingia kwenye faili. Mzee alikaa chini ameridhika, akidhani amejibiwa, na mimi bomba nikanyamaza.

Mwaka 2017 tulipata bosi mpya, Naibu Mkurugenzi, kijana wa viatu vilivyochongoka ambaye saa yake ilikuwa mbele ya saa za wengine wote. Huyu hakupenda maswali, alipenda daftari la mahudhurio, zile karatasi ambazo kila anayehudhuria mkutano anaandika jina na kuweka saini. "Mkutano bila daftari haukufanyika," alikuwa akisema. Akaleta fomu mpya. Juu yake palikuwa na mstari wa Kiingereza, herufi ndogo kama mayai ya chawa, uliosema kwamba mwenye saini ameelezwa rasimu na ameshauriwa. Nisidanganye: niliusoma siku ile ile ya kwanza.

"Na huu niugeuze?" nilimuuliza.

"Wewe waambie waandike majina, dada. Muda hatuna."

Nikawaambia waandike majina. Ukumbi huu, ukumbi ule, mwaka mzima.

Kisha ikafika zamu ya barabara yetu. Dada Mapendo, tuliyekua naye mtaa mmoja Uvira, alikuwa akisuka nywele kando ya barabara ile, hatua chache kutoka kwenye roboti, kama tunavyoziita huku taa za barabarani. Ndiye aliyekuwa akinilelea Neema nikiwa kazini. Mtoto alijifunza kutembea akishikilia meza yake, kati ya mikebe ya mafuta na nywele za bandia. Rasimu ilisema meza zote za pale ziondolewe, na wasusi wahamie kwenye jengo moja upande wa Newtown. Aliyeiandika hajawahi kusukwa. Mteja wa kusuka hapandi teksi kumfuata msusi, anakaa pale alipomkuta akitoka kazini. Mapendo alikuwa na watoto watatu wanaokula kutoka kwenye meza ile, na hakuwa na kingine.

Sasa sikilizeni kosa lenyewe, maana ni kosa letu sisi watu wa ukimbizi, mwenyeji asingelifanya. Kwenye ofisi za wakimbizi, kabla mlango haujafunguliwa, watu wenyewe huanzisha orodha kwenye karatasi iliyochanwa daftarini. Asiyeandikwa hayupo. Tumefundishwa hivyo miaka na miaka. Tukiona karatasi yenye mistari na kalamu iliyofungwa kwa uzi, mkono unakwenda wenyewe. Siku ile walisukumana mezani kabla Afisa hajafungua mdomo. Mapendo aliandika jina lake, akashuka mstari mmoja akaandika la jirani yake Mama Chance, aliyebaki barabarani na mteja aliyesukwa nusu kichwa.

"Orodha ya nini hii?" mtu aliuliza.

"Ya nafasi, bana! Ya nini tena?"

Nilisikia. Maikrofoni ilikuwa mkononi mwangu. Nikasema, kwa sauti yangu nzuri, "Mstari mmoja, mtu mmoja." Rasimu ilipoanza kusomwa, nusu yao walikuwa wamesharudi kwa wateja, roho zao zimetulia kwamba wamo.

Baada ya miezi michache matangazo yalibandikwa kwenye nguzo. Ripoti ilisema wachuuzi wameshauriwa na hakuna aliyepinga. Mapendo alikuja mlangoni kwangu na mikono bado inang'aa mafuta.

"Ulijua?"

"Nilijua mstari unasema nini."

"Na ukanyamaza."

"Ndiyo kazi, dada. Siruhusiwi kuongeza."

"Eish! Kumbe kazi yako ni kutupigia filimbi tuingie zizini. Na Kiingereza chako cha puani!" Alimshika Neema mkono, akanirudishia. "Chukua mtoto wako. Mimi sina tena mahali pa kumlelea."

Pingamizi linaruhusiwa. Unaandika barua, kamati ya madiwani inakuita. Mapendo aliandikiwa barua na mchungaji wake, akaitwa mwaka 2018, na mkalimani aliyepangwa siku hiyo nilikuwa mimi. Mwenyekiti wa Kamati alikuwa diwani mzee, mpole, anamung'unya pipi ya minti. Alilisukuma daftari mbele.

"Mama, hii si saini yako?"

"Ni yangu."

"Na hii ya chini yake? Naona mwandiko ni ule ule."

"Hiyo ni ya Mama Chance. Nayo ni yangu."

Madiwani walicheka. Mwenyekiti hakucheka. "Kwa nini ulisaini?"

"Nilidhani ni foleni."

Niligeuza. Mzee akakunja uso. "Foleni ya nini?"

Mapendo hakumwangalia yeye, aliniangalia mimi. "Mwambie wewe. Si wewe uliyetuambia tuandike?"

Naibu Mkurugenzi alikuwa nyuma yangu, nasikia kiatu chake kikigonga sakafu. Ningeweza kugeuza vingine. Nani pale angejua? Lakini nilifundishwa nisipunguze, na mara hiyo kanuni ilinikaba mimi mwenyewe. Nikasema, "Mheshimiwa, anasema ni mimi niliyewaambia."

"Mkalimani si shahidi, Mwenyekiti," Naibu alisema haraka.

"Nimesikia. Ninamuuliza yeye. Ni kweli?"

Nikajibu kwa sauti yangu mwenyewe, kwa mara ya kwanza tangu niajiriwe. Nikasema ni kweli, mstari wa juu hausomwi, mimi nauelewa na sijawahi kuusoma kwa watu, wala si kwa barabara hii tu. Mzee aliitema pipi kwenye karatasi, akaandika kitu kirefu.

Barabara yetu iliondolewa kwenye rasimu mpaka mashauriano yarudiwe. Mimi sikufukuzwa. Mkalimani hafukuzwi, haitwi tu. Simu ikanyamaza wiki, ikanyamaza mwezi, nikaelewa kwamba nimestaafu.

Walirudia mkutano mwaka 2019 na mkalimani mwingine, binti wa Lubumbashi, mzuri tu. Nilikaa kwenye benchi na watu. Kabla ya salamu Mapendo alisimama.

"Wewe mtoto, soma kwanza yale maandishi ya juu. Taratibu."

Binti alimwangalia Naibu, kisha akasoma. Mapendo akamwambia asome tena. Kalamu ilining'inia kwenye uzi wake mpaka mwisho, hakuna aliyeigusa. Naibu alibembeleza, akapandisha sauti, akaondoka na daftari jeupe. Meza zipo mpaka leo. Mapendo amenifundisha kusuka, na kila nikigawa nywele upande ananitukana mbele ya wateja.

Kwa hiyo, mabinti, kazi hii ifanyeni, si mbaya. Ila msije kwangu kuuliza kama bomba lina dhambi. Nina miaka thelathini na kitu, na hasira ninazolala nazo, na nyingi si za Naibu. Barabara yetu ilipona kwa sababu Mapendo ana mdomo na mimi ninaishi jirani yake. Kwingine nilishuka jukwaani nikaenda zangu.

Juzi nilipita na Neema kwenye barabara moja ya kaskazini ambako niliwahi kukalimani. Pamefagiwa, pamewekwa vyungu vikubwa vya saruji vyenye maua. Mwanangu anaelewa Kiswahili lakini anajibu Kizulu, na kwa Kizulu akaniuliza ni akina nani waliokuwa wakiuza hapo, maana kwenye lami bado kulikuwa na alama za miguu ya meza. Nilikaa nao chumba kimoja asubuhi nzima. Sikuweza kumtajia hata mmoja.