Njia ya Ndege

Juzi, mtoto wa dada yangu anayeuza simu Butembo alinionyesha mstari mwekundu kwenye kioo cha simu. Kuna korongo, akaeleza, aliyefungwa kifaa kidogo mgongoni huko Ulaya, na setilaiti inamfuata kila anakolala. Mstari ulishuka na Mto Nili, ukapita Uganda, ukakata juu ya Beni. "Unaona, tantine? Amepita kwetu." Nikasema naona. Kisha nikauliza kama chai bado ipo.

Nikueleze wewe, ndugu yangu, maana yeye sikumweleza.

Nilikulia Masereka, kwenye baridi na ukungu, miaka ile waasi walipotawala mpaka Beni. Asubuhi tulipalilia viazi, tukaosha puaro, vile vitunguu vya majani marefu, mtoni hadi vidole vikafa ganzi, ndipo tukaenda shule tukinuka vitunguu. Mvua zikishika, korongo walikuja: weupe, mabawa yenye ncha nyeusi, miguu mirefu myekundu, wakitembea nyuma ya majembe na kuokota viwavi. Bibi alitukataza kuwatupia mawe. Mgeni hafukuzwi angali anakula, alisema.

Mwaka mmoja bibi alikuta mmoja amekufa kati ya matuta. Mguuni alikuwa na pete ya chuma yenye namba na jina la mji wa mbali. Akampelekea mwalimu wetu, naye alifurahi hata akasahau kupiga kengele. Kule, alitueleza, watu huwavisha vifaranga pete; anayeiokota husema ameipata wapi, na sehemu hizo zikiunganishwa, njia yote huonekana. Posta ilikuwa imefungwa, basi aliiweka pete mezani, kwenye saraka, mpaka barabara zitulie. Sisi tukachora njia hiyo kwenye karatasi za mifuko ya simenti, mishale tukaipaka kwa mkaa.

Askari wa waasi waliingia darasani kutafuta redio ya mawasiliano. Walipekua meza, kisha kamanda wao akasimama mbele ya ramani yetu ukutani, akauliza hiyo ni njia gani.

"Ni njia ya ndege, chef," mwalimu alisema.

Kwetu, wa manyoya na ya chuma, neno ni moja. Kamanda aligeuka. "Ndege ya nani? Inabeba nini?"

"Haibebe kitu. Ni hawa ba ku shamba, ba manyoya."

"Ba manyoya banavaa namba?" Pete ilikuwa mkononi mwake.

Walimfunga mikono kwa kamba ya mbuzi, wakampeleka Beni. Hakuna aliyelia. Tulikaa kwenye madawati mpaka saa ya kwenda nyumbani, tukaenda.

Bibi hakungoja. Jirani yetu Mwislamu, mwenye lori, aliwapakia yeye na mke wa mwalimu juu ya magunia ya viazi. Ya Beni nilisimuliwa na huyo mke. Kila asubuhi walipeleka bukari ya muhogo na sombe ya majani yake getini, walinzi wakala. Walipoingizwa hatimaye, bibi aliweka mezani kwa kamanda mguu wa korongo yule, mkavu, umefungwa kwa jani la mgomba.

"Ni mimi niliokota huyu ndege," alimwambia. "Mwalimu alisoma tu. Kama ni kosa, munifunge mimi."

Kamanda akasema mguu unanuka, uondolewe. Kesho yake mwalimu aliachiliwa, bila neno lolote.

Alirudi kufundisha. Mkono wa kulia haukukunjika tena, akajizoeza kuandika kwa wa kushoto. Ukutani palibaki matundu ya misumari. Jiografia hakuigusa, tulifanya hesabu na sarufi, sarufi na hesabu.

Leo mashamba yale ni msitu wa mikaratusi. Bibi tulimzika, na mwalimu alihamia Kayna, akafia huko. Wenzangu wa darasa nikikutana nao sokoni tunaulizana bei ya viazi. Lakini nakumbuka mvua za kwanza baada ya mwalimu kuachiliwa, korongo walipotua kwenye uwanja wa shule, wengi hata majani hayakuonekana. Zamani tungetoka mbio naye kuwahesabu. Alikuwa amewaona, najua, kwa sababu chaki ilinyamaza ubaoni. Kisha akaandika hesabu nyingine ya kugawanya. Hakuna aliyegeuza kichwa dirishani. Tuligawanya, tukapeleka madaftari, na siku ile darasa zima lilipata zote.