Mama Agar na Vitabu Visivyotoka Nje

Mama Agar hakuwahi kuogopa kitu chochote kinachotembea kwa miguu, na watu wa mtaa wake hapa Kamina watakuambia hivyo kabla hujamaliza kuuliza. Alizaliwa Kinkondja, kando ya ziwa Kisale, katika nyumba iliyonuka samaki wakavu mwaka mzima. Aliolewa akiwa bado na madaftari ya sekondari mkononi, akaletwa mjini na mume fundi wa reli, akafiwa naye, akalea watoto peke yake. Tangu hapo anafundisha darasa la kwanza katika shule ya msingi ya parokia ya Wamethodisti. Ukimkuta polisi wa barabarani anamwamkia kwa adabu kupita kiasi, ujue huyo naye aliwahi kukatiwa jicho kwa kuandika herufi kichwa chini.

Basi, mwanamke huyo huyo aliitwa ofisini na mkurugenzi wa shule, Bwana Stanislas, mwanzoni mwa mwaka wa masomo. Bwana Stanislas alikuwa anafuta miwani ambayo haikuwa na vumbi.

"Mama Agar, minyi sina shida na weye. Lakini kule juu banasema, mwalimu mwenye hana diplome d'État, mwisho wa mwaka anatoka."

"Na batoto banasema nini?"

"Mama, batoto habaulizwake."

Alitoka ofisini. Kwa mara ya kwanza aliogopa, na tusimfiche: aliogopa sana. Bila lile darasa lenye harufu ya chaki, angeamka asubuhi aende wapi? Lakini hofu ya Mama Agar haina subira, hukaa kidogo ikageuka kuwa shauri. Kabla jua halijatua alikuwa amejiandikisha kufanya mtihani wa taifa wa kumaliza sekondari, ule unaotoa diploma hiyo, pamoja na vijana, kama mtu aliyejisomea mwenyewe. Hesabu hazikumtisha. Ufundishaji, nani amfundishe yeye? Historia ndiyo iliyomkosesha raha, maana aliacha shule kabla mwalimu hajafika kwenye mataifa ya Afrika, na kwake mataifa hayo yalikuwa majina ya timu za mpira.

Vitabu vya kumtoa kwenye giza hilo vilikuwako mahali pamoja tu, katika chumba cha kusomea cha parokia. Vilikuwa vitabu vikubwa vyekundu, zawadi iliyokuja kwa treni kutoka Lubumbashi, vyenye historia ya kila taifa la Afrika, taifa baada ya taifa kwa mpangilio wa alfabeti ya Kifaransa. Mlangoni palibandikwa amri: vitabu vya kurejea husomwa humu ndani, havitoki nje. Hata mchungaji alipotaka kimoja akakisome kwake, alinyimwa. Aliyemnyima ni mtunza chumba, kijana mpole mwenye msimamo aitwaye Jessé. Na Jessé ndiye mume wa Mira, kitinda mimba wa Mama Agar.

Hapo ndipo mambo yalipogoma. Kwa Baluba, mwanamume na mama wa mkewe hawatazamani usoni, hawakai chumba kimoja, na hawali mmoja mbele ya mwenzake. Hiyo huitwa buko. Si ugomvi, ni heshima iliyovuka mpaka. Jessé akiuona mwavuli wa mama mkwe unakuja, huingia uchochoro wa karibu, hata kama una matope. Sasa vitabu haviwezi kutoka, mtunza vitabu haruhusiwi kuviacha, na mama mkwe hawezi kuingia alimo mkwewe. Niambie wewe ungefanyaje.

Mira ndiye aliyekata shauri. Alileta kitenge chake cha harusi, akakitundika kwenye kamba katikati ya chumba. Upande wa mlango wa nyuma akakaa Jessé na meza yake, upande wa dirisha akakaa Mama Agar. Kabati la vitabu, kwa kuwa lilikuwa pana, likabaki nusu huku, nusu kule.

Mama Agar akaanza kazi kwa namna ambayo Mmethodisti wa kweli huanza kitabu: ukurasa wa kwanza. Nyumbani kwake Biblia husomwa kila mwaka kutoka Mwanzo hadi Ufunuo, wala haruki hata ile milango ya majina matupu ya wazee waliozaa na kuzaa. Basi alifungua Afrika Kusini, akasoma neno kwa neno huku penseli ikitembea. Akaja Algeria. Akaja Angola. Kila jioni alirudi nyumbani mabega yakimuuma, moyo mweupe. Haba na haba hujaza kibaba, alijiambia. Pasaka ilimkuta Kameruni.

Ng'ambo ya kitenge, Jessé alikuwa anaungua. Mama Agar alikuja kuyajua hayo baadaye kwa Mira. Jessé alisikia kurasa zikifunguliwa polepole, akajua mtihani utafika mama huyu yuko bado njiani, tena akiwa amesahau Algeria. Lakini kumsahihisha mama mkwe! Alimwomba mkewe aseme. Mira alicheka: "Mama yangu? Weye unamujua? Sema weye."

Alasiri moja, mvua ikipiga mabati, Mama Agar alisikia mtu anakohoa. Kisha sauti.

"Kabati."

Aliinua kichwa.

"Weye kabati, nisikilize. Minyi nasemesha weye tu, hakuna mutu mwingine. Mutu akienda ku soko kutafuta chumvi, anaulizaka bei ku kila meza tangu mulango?"

Damu ilimpanda Mama Agar. Nani anamfundisha nani kusoma? Lakini buko ni buko. Naye akaligeukia kabati.

"Kabati, ambia ule mutu: kitabu inasomwaka tangu mwanzo. Mwenye kuruka Mwanzo na kukimbilia Ufunuo, huyo ni mwizi."

"Kabati, ile ni Biblia. Hii ni soko. Egzameni haiulizake inchi moja moja. Itauliza mukutano wa Berlin, na ile mukutano iligusa inchi mingi. Itauliza uhuru, na uhuru iko fasi yote, ku kila inchi. Ile kitabu nyembamba ya mwisho, yenye hakuna mutu anafunguaka, iko na majina yote ku mustari, na kurasa yake. Mutu anatafuta jina, anafuata. Mwisho tu, kabati. Unisamehe."

Mama Agar alifunga Kameruni kwa kishindo, akachukua mwavuli, akaondoka. Njia nzima alikuwa akilitukana kabati. Nyumbani alichambua maharagwe kwa hasira hadi akatupa mazima pamoja na mabovu. Aliumia, na kilichomuumiza zaidi ni kwamba kijana alikuwa na haki. Ukweli ukitoka kwa mdogo wako huwasha kuliko pilipili.

Siku ya pili alirudi. Alikaa, akakitoa kitabu chembamba cha mwisho, faharasa ya vyote. Hakuanza na Berlin. Nani anaanza na Berlin? Alitafuta Kisale. Ikawapo! Kando yake ziliandikwa namba ya kitabu na ya ukurasa, na pale ukurasani akaikuta Sanga, kijiji alichokipita utotoni na kikapu cha samaki kichwani. Akasoma kwamba watu wa ufuo ule, miaka zaidi ya elfu iliyopita, walikuwa wakifua chuma, wakiyeyusha shaba, wakiwazika wapendwa wao pamoja na vyungu vizuri na mapambo. Akasoma tena. Utotoni aliambiwa na mwalimu kwamba katika nchi yao historia iliingia na treni. Alikasirika mpaka akacheka, akacheka mpaka machozi yakamtoka.

"Kabati!" aliita. "Juu ya nini haukuniambia tangu zamani?"

Kisha, kwa sauti ndogo: "Kabati iliogopa Mama."

Kuanzia hapo lile kabati halikupumzika. Mama Agar aliliuliza kila kitu. Berlin iko wapi? Ghana ilitangulia nani kupata uhuru? Kwa nini mipaka mingine imenyooka hivyo, waliichora na rula? Liliulizwa hata maswali ambayo mtoto angeona haya kuyauliza, nalo likajibu yote bila kuguna. Ana kwa ana asingethubutu. Mwanamke wa umri wake amwonyeshe mume wa binti yake ujinga wake wote? Kile kitenge kilimsitiri, akawa mwanafunzi bila kuacha kuwa mama mkwe, na alikuwa na furaha kama hakuwahi kuwa nayo shuleni.

Siku ya mtihani alivaa blauzi nyeupe na sketi ya buluu kama watahiniwa wengine. Mlinzi alimzuia getini.

"Mama, bazazi banangojaka inje."

"Leo minyi siko muzazi. Niko candidate. Sogea."

Akasogea. Swali la historia lilipokuja, Mama Agar hakuona lundo la nchi. Aliona njia, akazifuata moja moja, akatoka ukumbini kabla ya vijana wengi, kichwa juu.

Matokeo yalikuja kwa simu. Mira alipiga yowe, na mtaa mzima ukajua: Mama Agar amepita! Wakaja na makopo ya poda kama ilivyo desturi, wakammwagia hadi nyusi zikapotea. Walimwimbia mpaka shuleni, na huko akammwagia Bwana Stanislas poda yeye mwenyewe, suti na miwani.

Katika kelele zile alimwona Jessé kwenye kona ya barabara. Alikuwa ameshika kopo la poda, jipya, halijafunguliwa. Alitazama chini, akasubiri kidogo, kisha akaingia uchochoroni. Furaha ya Mama Agar ikapata mwiba. Mtaa mzima umemmwagia poda, na yule aliyemfundisha hakuweza. Angeweza kumtuma Mira apeleke asante. Kwa miaka yote hiyo alimtumia mkwewe kila kitu kwa mkono wa Mira, salamu, sahani, hata pole za msiba. Lakini asante hii ilikataa kutumwa.

Akamwendea shangazi wa ukoo, Mama Umba, akaomba buko iondolewe. Kwao mkwe huleta mbuzi, wakaketi, wakala pamoja, na haya ikaisha. Ila wanaoomba ni upande wa mume, na upande wa mke hungoja.

"Mama muzima haombake vile," alisema Mama Umba.

"Basi niko wa kwanza. Na mbuzi nitaleta minyi mwenyewe."

Jumapili baada ya ibada, Jessé aliketishwa mbele yake. Alitazama magoti yake, jasho likimtiririka. Mama Agar alikuwa ametayarisha hotuba, tena yenye Kifaransa ndani. Akamtazama mkwewe usoni, akaona mvi kwenye ndevu. Alimpa kijana binti yake, na hakuwahi kumwona akiwa mtu mzima. Akaiacha hotuba yote.

Alimega bukari, ugali wa kwetu, akachagua kipande kizuri cha nyama ya mbuzi, akaviweka kwenye sahani ya Jessé kwa mkono wake.

"Wafwako, mwana," alisema, na hiyo kwa Kiluba ni asante. "Ile diplome iko yetu babili."

Jessé, aliyejibu Afrika nzima, aliinamia sahani. Machozi yalimdondoka, naye hakujua pa kuuficha uso.

"Kula," Mama Agar akamwambia. "Mama yako iko anakuangalia."