Kosa la Kwenye Santuri

Mume wangu ni fundi saa, lakini mtaani wanamwita Saksafoni. Bendi yao ni kubwa, ina safu nzima ya tarumbeta, na inapiga jazi ya zamani tu. Tena hawaruhusiwi kubadili kitu. Kiongozi wao, Mzee Santuri, anataka kila noti itoke vile vile ilivyorekodiwa zamani kwenye santuri. Pale marehemu aliyeipiga alipovuta pumzi, na wewe vuta.

Kuna wimbo mmoja ambamo saksafoni inasimama peke yake. Mume wangu aliutamani kuliko alivyonitamani mimi, na sifanyi utani. Miaka yote alikaa kiti cha nyuma akingoja mwenzake wa mbele astaafu. Watoto wetu wote wamejifunza kutembea wakiusikia nyuma ya mlango wa chumbani.

Sasa, kwenye santuri ya wimbo huo marehemu mpiga saksafoni aliteleza. Kidole kilimponyoka katikati ya wimbo, noti ikalia kama bawaba isiyotiwa mafuta. Basi na bendi nayo huteleza hapo hapo, makusudi! Nilipoambiwa nilicheka mbavu zikaniuma. Mume wangu hakucheka.

Mwaka huu yule mwenzake wa mbele akastaafu, mume wangu akapewa wimbo. Nilimpigia koti pasi, nikawahi kiti karibu na jukwaa. Alipofika penye kosa alifumba macho, akaitoa noti safi kabisa, kisha akaongeza noti chache za kwake. Jamani! Ukumbi mzima ulisimama. Nililia bila aibu.

Nyuma ya jukwaa Mzee Santuri hakumpa hata mkono.

"Umekosea, ndugu yangu."

"Nimekosea wapi, mzee? Si umewaona watu?"

"Watu hawaujui wimbo. Wewe unaujua. Rudi kiti chako cha nyuma mpaka uupige sawasawa."

Nilitegemea atamjibu, angalau apandishe sauti. Wapi! "Sawa, mzee," akasema, akafunga saksafoni kwenye boksi lake.

Nilimsema njia nzima. Nikamwambia aanzishe bendi yake, apige anavyotaka, mimi nitasimama mlangoni kupokea watu.

Asubuhi nilikuwa naosha vyombo nikasikia saksafoni chumbani. Moyo ukanitulia: huyo, ameamka na lake. Akafika pale pale. Noti ikalia kama bawaba. Akairudia, ikalia tena, na tena. Kisha akaniita, na sauti imejaa furaha:

"Mama watoto! Njoo usikie, nimeipata!"