Pole Iliyokatazwa Dukani

Kwanza niliusikia mlio: chuma kikigongwa, mkavu na mfupi, kama kufuli lililoangukia sahani tupu. Ulitoka kwenye simu ya ami, mdogo wa marehemu baba, aliyetulea mimi na mdogo wangu. Nilikuwa nimepita katika duka lake la kusafirisha mizigo, Deira, Dubai, baada ya Alasiri, kumletea dawa ya presha. Kabla sijatua mkoba nilikwisha kujua kwamba kilichogongwa ni nguzo ya goli, na aliyeigonga ni mdogo wangu.

Yeye ni mpiga mateke katika timu ya kulipwa Marekani, kwenye ule mpira wao uliochongoka ncha. Alikwenda huko kusoma; kocha mmoja akauona mguu uliokulia viwanja vya mtaa wetu wa Al Nahda, akamfundisha mchezo ambao hata sheria zake hakuzijua. Wenzake hukimbia na kuangushana. Yeye hukaa pembeni, kisha huitwa aupitishe mpira kati ya nguzo mbili. Akikosa mara kwa mara, huletwa wengine kujaribiwa katika nafasi yake. Wiki iliyotangulia alikuwa amekosa pia.

Ami alimwonyesha video ya teke hilo mteja aliyeleta jokofu la kupelekwa Mombasa. Akasema mtu kaachiwa kazi moja tu duniani, na hiyo moja imemshinda. Karani wake, Mkenya, akadakia kwamba mguu huo ungeletwa hapa, upige maboksi hadi bandarini Jebel Ali, mafuta ya lori yabaki. Mteja alicheka kwa adabu. Mlio ukarudi.

Nilisema nitampigia mdogo wangu kumpa pole. Ami hakuinua sauti.

"Katika nyumba yangu hapana atakayempa pole. Pole hupewa aliyepatwa na jambo. Huyu kajitakia."

Kujitakia, kwa ami, maana yake ni kukikataa kiti alichowekewa pembeni ya meza ile, arithi mizigo. Lakini ami huyohuyo huwapa pole wapagazi kwa kupandisha masanduku, huwapa pole majirani kwa mafua. Kumnyima mtu pole kwetu ni kumweka nje ya mlango, naye alilijua hilo kuliko mimi.

Tatizo langu lilikuwa kwamba mdogo wangu naye alikuwa na sheria yake. Aliwahi kunieleza kuwa mpiga mateke akikosa, hakuna anayemsemesha. Wachezaji humwachia benchi zima, na hiyo ndiyo heshima. Alituomba nasi, katika wiki mbaya, tumwache vivyo hivyo. Basi wanaume wawili wasiokubaliana juu ya jambo lolote walikuwa wamekubaliana kwamba mimi ninyamaze. Nilikaa na tasnifu yangu ya chuo kikuu mbele yangu bila kuongeza sentensi. Niliandika ujumbe, nikaufuta, nikauandika kwa maneno mengine, nikaufuta. Nilijiambia kwamba ninamheshimu yeye, simtii ami. Ila kwa mtu aliye mbali, kimya cha heshima na kimya cha kususiwa husikika vilevile. Angevitenganisha kwa kitu gani?

Kisha timu ikamwacha. Nilizikuta habari dukani, na nikamkuta ami amechangamka.

"Khalas, yamekwisha," akasema. "Sasa atarudi. Kiti kipo."

Akaigusa tena video, na mlio ule ukasikika. Alikuwa akiufurahia. Siku zote zile nilidhani ni hasira.

Nilipiga simu palepale, mbele ya meza yake, nikaweka spika. Marekani kulikuwa asubuhi. Mdogo wangu aliipokea mara moja.

"Pole, mdogo wangu," nikasema, kwa sauti ya kufika hadi kwenye mizani ya mizigo mlangoni.

Ami, akinitazama usoni, akaigusa simu yake, na chuma kikagongwa.

"Nimeusikia," mdogo wangu akasema. "Huyo ni ami?"

"Ndiye."

"Msogezee simu, dada."

Niliinyoosha juu ya meza. Karani akainamia karatasi zake.

"Ami, shikamoo," ilisema ile sauti. "Nipe pole, au niambie nisije tena kwako. Lolote utakalosema nitalipokea. Lakini hiyo izime kwanza."