Mgonjwa Aliyepona Wodini na Kuugua Nyumbani

Siku yangu ya kwanza kazini nilidanganywa na mgonjwa kabla kiti hakijapata joto. Nilikuwa Afisa Tabibu mpya, nimetoka chuoni na koti jeupe lililonizidi mabega, na nilikuwa nimepangiwa zahanati moja ya mwambao wa Ziwa Nyasa, nyumbani kwetu. Akaingia mzee mmoja muuza usipa, hawa dagaa wetu wa ziwani.

"Shikamoo mzee. Vile vidonge ulivyopewa juzi umemaliza?"

"Marahaba mwanangu. Nimemaliza vyote, Mungu akubariki."

Aliposimama, mfuko wa koti lake ukalia chakachaka. Nikamrudisha kwenye kiti. Baada ya kuzunguka sana akakiri kwamba anagawana dozi na mkewe, ambaye miguu imevimba na hawezi kupanda kilima kuja zahanati. Kwa hiyo mle chumbani nilikuwa na wagonjwa wawili, mmoja yuko mbele yangu na mwingine yuko mfukoni.

Mganga Mfawidhi, yaani mkuu wa kituo, alikuwa amesimama mlangoni akisikiliza. Alikuwa mtu wa makamo, mwepesi wa kazi, anayependa foleni iishe kabla ya chakula cha mchana.

"Dada," akaniambia, "mgonjwa akisema anaumwa kichwa, mpe dawa ya kichwa. Hukuletwa hapa kupeleleza watu."

Nilimwitikia kwa heshima zote. Moyoni sikukubali hata kidogo, na niwaambie ukweli nyinyi vijana mnaosomea kazi hii, mpaka leo sijakubali. Mimi ni mtu wa kushuku. Nilizaliwa hivyo, mume wangu marehemu alilalamika hivyo, na kazi ikanikomaza. Nashuku mgonjwa anayesema hajambo. Namshuku zaidi msindikizaji anayejibu kwa niaba yake. Walimu wetu walitufundisha kuchukua historia ya mgonjwa: ameanza kuumwa lini, wapi, kwa namna gani. Mimi niliongeza yangu: anaishi na nani, anakula mkono wa nani, anamwogopa nani.

Baada ya mwambao nilihamishiwa Mkumbi, kisha nikapandishwa cheo na kupelekwa kituo kimoja cha afya huku milimani kwenye kahawa. Kituo sitakitaja, na kijiji chenyewe sitakitaja pia, maana nikikitaja mtamjua mtu. Ndiko nilikokutana na Skola.

Skola alikuwa mke wa mkulima mmoja wa kahawa aitwaye Otmari. Alikuwa mwanamke wa kulima ngolo, yale mashimo yanayozuia mvua isichukue udongo, kwenye mteremko ambao mimi hata kusimama nisingeweza, lakini siku ile alishikwa mikono kama mtoto anayejifunza kutembea. Jasho, kizunguzungu, tumbo linasokota, mate yamejaa mdomoni, kifua kinabana. Kabla yangu alikuwa ametibiwa malaria, halafu vidonda vya tumbo, halafu presha. Kila mara alilazwa, na kila mara wodini alipata nafuu upesi hata kabla dawa haijafanya kazi ya maana. Anarudi nyumbani anatembea mwenyewe. Haupiti muda, analetwa tena amebebwa.

Mfawidhi wangu wa pale milimani alikuwa kijana msomi, hodari sana wa vipimo. Alipoona majibu ya maabara hayaonyeshi kitu, akafunga faili.

"Huyu anadeka," akasema. "Amechoka kulima, anakuja kupumzika kwenye vitanda vya serikali."

"Bosi, mtu anadeka mpaka mate yanamtoka?"

"Basi wewe niambie anaumwa nini."

Nilikuwa sijajua, lakini nilikuwa nimemulika macho yake kwa tochi. Mboni, kile kiini cheusi katikati ya jicho, zilikuwa zimesinyaa kama ncha ya sindano. Mboni za namna ile, pamoja na jasho na mate, huambatana na sumu ya kuulia wadudu. Nikamwambia mfawidhi, akatazama mwenyewe, akalifungua faili tena. Tukampa atropini, dawa inayopingana na sumu hiyo, na mboni zikaanza kufunguka. Hapo mfawidhi aliona kazi imekwisha. Mimi niliona ndiyo kwanza inaanza, kwa sababu sumu haitembei yenyewe. Kuna mtu aliyempa.

Nikamtazama Otmari. Alikuwa amekaa pembeni ya kitanda, kofia magotini, na kila swali nililomwuliza mkewe alilijibu yeye.

"Unakula vizuri, mama?"

"Anakula vizuri, dokta."

"Unalala vizuri?"

"Analala vizuri kabisa."

Mwanamume anayejua usingizi wa mkewe kuliko mkewe mwenyewe, mimi namtilia shaka. Nilimtuma akatafute maji ya moto kwenye nyumba za mbali kabisa, nikafunga pazia.

"Skola mdogo wangu, sema. Mumeo anakupa nini?"

Alishtuka. "Otmari hana neno, mama dokta. Watu wanasema ni mama mkwe."

Akanieleza kwa sauti ya chini. Kwa kuwa wodini alikuwa anapona na nyumbani anaugua, watu walishajiuliza swali lile lile nililojiuliza mimi, ila jibu lao lilikuwa jingine. Ndugu wa Otmari walikwenda kwa mganga wa kupiga ramli, naye akawaambia mchawi ni mkono unaopika. Na tangu Skola aanze kuumwa, anayepika pale ni mmoja tu, Bibi Agatha, mama yake Otmari, mjane, mtu wa jumuiya ya kanisani na rozari. Jumapili baada ya misa ukoo ungekaa kumfukuza. Angerudishwa kwao Mkumbi, kwa kaka zake.

"Kaka zake wako wapi huko Mkumbi?"

"Walishakufa wote," Skola akasema, na machozi yakamtoka.

Niliumia. Bibi kizee anayechemsha uji kwa ajili ya mkamwana wake, halafu uji huo huo unamtoa nyumbani aende kukaa kwenye makaburi. Lakini kuumia si ushahidi, na mimi sikumwondoa bibi kwenye orodha yangu kwa sababu tu ana rozari. Nikaendelea kuuliza. Chakula cha bibi walikula wote kutoka sufuria moja, wengine hawaumwi. Maji walichota pamoja. Nikamwuliza habari za usiku: analala wapi, na nani, juu ya nini.

Akatazama pazia.

"Msimu huu wa kupulizia dawa nalala chumba kidogo peke yangu. Otmari analala sebuleni, anasikilizia wezi."

"Na mle chumbani kuna nini?"

"Aliniambia nisimwambie mtu."

Niwaambieni, damu ilinichemka. Mke anaumwa sumu, mume amempa siri ya chumbani. Nilijua nimemshika. Nikaenda kwa mfawidhi kuomba ruhusa ya kwenda nyumbani kwa mgonjwa.

"Serikali haikukuajiri kukagua vitanda vya watu," akasema.

"Tukimruhusu bila kukagua atarudi, bosi, na safari nyingine huenda asifike."

Alifikiri, akakuna kidevu. "Nenda. Lakini ukipigwa mawe, mimi sikukutuma."

Jumapili nikapanda pikipiki na Otmari. Nilikuwa nyuma yake njia nzima nikimtazama kisogo, najiuliza mtu wa namna hii analalaje. Tulikuta wazee wa ukoo wameshakaa uani. Bibi Agatha alikuwa amekaa kwenye kigoda kando, amevaa kanga za kanisani, na mbele ya miguu yake kulikuwa na furushi lililokwisha fungwa. Hakuwa analia. Alikuwa anatazama miguu yake tu.

"Shikamooni wazee. Nimekuja kumwona mgonjwa analala wapi."

"Mgonjwa yuko kwenu hospitali," mmoja akanijibu.

"Kitanda chake kiko hapa."

Sikusubiri wanipe ruhusa. Niliingia chumba kidogo, na harufu ikanipiga puani kabla macho hayajazoea giza. Kadirisha kalikuwa kamezibwa kwa gunia, kwa ajili ya wezi. Nikapiga magoti, nikainua shuka. Chini ya kitanda kulikuwa na bomba la mgongoni la kupulizia kahawa, na nyuma yake madumu ya dawa ya wadudu. Dumu moja kifuniko kilikuwa kimepasuka, kimefungwa kwa mfuko wa nailoni. Udongo wa sakafuni ulikuwa umelowa, na upande wa godoro uliokuwa unaning'inia ulikuwa umeinyonya ile dawa. Pale ndipo Skola alipokuwa akilaza kichwa.

Nilifunga mikono yangu kwa mifuko, nikayatoa madumu moja moja hadi uani, mbele ya wazee. Halafu nikamgeukia Otmari.

"Kwa nini umeweka sumu chini ya mkeo?"

Nilitegemea atakana. Akavua kofia.

"Mwaka jana vibarua waliniibia dawa yote, dokta. Kahawa ikaliwa na wadudu. Watoto wakarudishwa nyumbani kwa kukosa ada. Sasa ningeweka wapi? Nimeweka kwake kwa sababu ni yeye peke yake ninayemwamini."

Kisha akakaa chini kwenye vumbi na suruali yake ya kanisani, akalia mbele ya baba zake wadogo. Na mimi niliyekuja kumkamata mwuaji nilikuwa nimempata, lakini si yule niliyemtaka. Sijutii kumshuku. Nisingemshuku nisingeinua lile shuka.

Mzee mmoja akauliza, "Mbona yeye anayepuliza haumwi?"

"Kichwa hakikuumi, Otmari?" nikamwuliza. Akasema kinamuuma kila siku, alidhani ni uchovu. Nikawaeleza kwamba yeye ananawa akitoka shambani na kulala kwenye hewa, lakini mkewe anaivuta dawa usiku kucha, na ikimgusa inapenya kwenye ngozi. Wodini kitanda ni kikavu, ndiyo maana anapona.

"Kwa hiyo mkono unaopika..." mzee akaanza, hakumalizia.

Hakuna aliyemwomba Bibi Agatha msamaha. Watu wetu hawana mazoea hayo, hasa kwa mtu waliyemkosea sana. Bibi alitutazama mmoja mmoja, mimi nikiwemo. Akainama, akafungua furushi, akatoa sufuria.

"Mgeni hajala," akasema, akaingia jikoni. Na wote waliokuja kumfukuza walikula ugali wake.

Godoro lilifukiwa mbali na maji. Otmari akajenga kibanda cha dawa chini kabisa ya shamba, mlango wa bati na kufuli. Skola alirudi nyumbani akapona, akarudi kwenye ngolo zake. Mfawidhi wangu naye alianza kuuliza wagonjwa wanalala wapi, ingawa aliuliza haraka haraka kama mtu anayekula dawa chungu.

Sasa nimestaafu, niko Mbinga mjini, na mimi ni mgonjwa wa presha. Mwezi uliopita nilikwenda kliniki. Kijana aliyenihudumia ana adabu na ana kompyuta, na macho yake yalikuwa kwenye kompyuta.

"Shikamoo bibi. Dawa unakunywa kila siku?"

"Kila siku, mjukuu wangu," nikamdanganya makusudi. Akaniamini! Akaandika, akamwita anayefuata. Nilirudi nyumbani nimekasirika kuliko siku niliyoitwa mpelelezi. Angenitazama tu usoni angejua, maana mimi si mwongo mzuri. Dawa ile inanizungusha kichwa na ninaishi peke yangu, naogopa kuanguka bafuni. Hilo halimo kwenye kompyuta yake.

Kabla ya kustaafu nilipita mara nyingi kwa Skola, kwa sababu siamini kwamba mtu amehifadhi dawa vizuri mpaka nione. Mara ya kwanza nilimwuliza Otmari ufunguo wa kibanda ameuficha wapi, nikijua mtu yule hamwamini kibarua wala jirani. Akatazama chini.

"Uko kwa mama," akasema.

Bibi Agatha aliuvaa shingoni pamoja na rozari. Kila asubuhi ya kupuliza, mwanaye alisimama mlangoni pake, akaamkia, akaomba ufunguo. Bibi alikuwa anapapasa, anasema amesahau alipouweka, akae kwanza anywe chai wakati yeye anautafuta. Otmari alikaa, akanywa, wakazungumza, na chai ilipokwisha ufunguo ulionekana. Alinilalamikia kwamba mama yake sasa kumbukumbu imekwisha. Mimi nilimchunguza yule bibi, kama nilivyozoea kuchunguza watu, na nashuku hakuusahau hata siku moja.