Siku Niliyofasiri Sinema ya Wachimba Makaa

Waliokuwepo siku ile ni hawa, nawataja mapema asije mtu kesho akasema nimeficha mashahidi: dada yangu Kerubo, shangazi yetu Bosibori, Mzee Onchiri na mkewe Moraa, mwana wao Nyamweya aliyekuja kumposa Kerubo, Daudi fundi wa mashine ya sinema, Mzee Salim mwenye ghala, na watu wa soko la Ekerenyo waliojaa humo kama magunia ya mahindi, ambao majina yao siyasemi ingawa wao hawajachoka kulisema langu. Na mimi, Ombati, mwenye aibu yote, simgawii mtu hata kipande.

Wazazi wetu walifariki wakifuatana, mimi nikiwa darasa la nne, nikaacha shule nikawalea wadogo zangu watatu, na sikumlilia mtu. Kerubo ndiye anayenifuata. Kwa hiyo posa ilipokuja, mimi ndiye niliyekuwa baba wa kukaa na Mzee Onchiri tupatane ng'ombe, mimi nisiye na mvi hata moja, mbele ya mzee ambaye akikohoa tu wanawe watu wazima wanasimama. Nilitaka anione mtu. Hilo tu ndilo nililotaka, na kama ni kosa, basi nimeshaadhibiwa.

Miaka ile baada ya vita vya Hitla, gari la sinema la serikali lilikuwa likizunguka masokoni. Lilipofika Ekerenyo, karani wa chifu, ambaye ndiye aliyekuwa akiwafasiria watu maneno ya picha, alikuwa kitandani anatetemeka kwa malaria. Wakaniita mimi. Kwa nini mimi? Kwa sababu nilikamua ng'ombe wa mzungu kule Nyansiongo miaka miwili, basi watu wakaamini Kiingereza kimenijaa hadi masikioni. (Yule mzungu alitusemesha Kiswahili kibovu, na ng'ombe hawakunisemesha lolote.) Ekegusii, lugha yetu, na Kiswahili nasoma vizuri. Kiingereza nilikiacha pale pale nilipoiacha shule.

Siku hiyo ndiyo wageni wetu walikuwa wanakuja. Nikaona nafasi. Nikawapitisha sokoni kwanza, waone mkwe wao mtarajiwa akisimama mbele ya watu kufasiri maneno ya Ulaya, kisha twende nyumbani kula na kuzungumza. Daudi akanijia na karatasi mkononi.

"Ndugu, umeisoma hii? Inaeleza picha yote. Kama bado, tuna muda, nikusomee."

Mzee Onchiri alikuwa hatua mbili nyuma yangu, ameegemea fimbo yake, anasikiliza.

"Nimeshaisoma," nikasema.

Jamani, neno moja. Mtu kanipa mlango wazi, nami nikaufunga kwa mkono wangu.

Tukaingia ghala la Mzee Salim, ambalo madirisha yake tulikuwa tumeyaziba kwa mablanketi ili mchana uwe giza, na shuka nyeupe ikatundikwa ukutani. Watoto wakawa wanafunguafungua mlango kuchungulia, mwanga ukawa unaingia, nikamwambia Mzee Salim afunge kwa nje kabisa. Akatia komeo akaenda zake kuswali alasiri. (Naam, hilo pia ni langu.) Wageni niliwaketisha kwenye benchi la mbele, wote wanne waliotukuka kwa safu moja: Mzee Onchiri, Moraa, Nyamweya, na shangazi Bosibori, ambaye ndiye aliyekuwa kama mama mkwe, kwa kuwa mama hatuna. Kerubo akakaa nyuma yao.

Nikasafisha koo, nikawatangazia kwa Ekegusii kwamba picha hii inaonyesha jinsi Waingereza wanavyopata utajiri wao.

Mashine ikaanza kunguruma. Nyumba zikatokea, zimebanana safu kwa safu, nyeusi kwa moshi, nguo zimeanikwa njiani, kina mama wamesimama mlangoni wamekunja mikono. Kisha shimo, na kutoka shimoni wakapanda watu weusi tititi, meno tu yanaonekana.

"Ombati," Mzee Onchiri akauliza, "hawa ni watu wa wapi?"

Sauti ya kwenye mashine ilikuwa inaeleza vizuri sana, kwa faida ya yeyote aliyeielewa. Mimi nikasema, "Ni ndugu zetu Waafrika, mzee. Wamepelekwa huko kuchimba."

"Loo! Maskini," akasema Moraa.

Mwafrika wangu akatembea, amechoka, akafika nyumbani. Wakamkimbilia watoto watatu weupe wenye nywele kama nyuzi za mahindi, wakamrukia.

"Mbona watoto wake ni wazungu?" sauti ikatoka nyuma.

"Muulize mama yao!" akajibu mwingine, na ghala zima likacheka. Mimi jasho.

Sasa mke akaleta karai kubwa la bati, akaliweka mbele ya moto, hapo hapo sebuleni, akamimina maji. Yule mtu akavua shati, akainama, mke akamsugua, na weusi ukaanza kutiririka, akatokea mzungu mtupu.

"Nyasae, Mungu wangu!" mama mmoja akapiga kelele. "Ni sabuni gani hiyo?"

"Ombati, ulisema ni ndugu yetu!"

"Alikuwa," nikasema. (Niambieni nyinyi mngejibu nini.)

Daudi akanifokea kwa sauti ya chini kutoka kwenye mashine, "Waambie ni wazungu maskini! Ni makaa ya mawe! Huko kwao kuna watu wanaotaka sinema ionyeshe maisha ya kweli ya wafanyakazi, si wafalme na farasi tu!" Nikafasiri hivyo. Hakuna aliyeamini. Mzungu maskini? Nilikuwa nimekwisha kudanganya, na sasa ukweli ulipokuja ukakosa pa kukaa.

Na yule mtu akaanza kufungua mkanda.

Niwaeleze wasio wa kwetu. Sisi tuna heshima tunayoiita chinsoni. Baba na mwana aliyekwisha kutahiriwa hawaonani uchi, wala hawakai pamoja panapoonyeshwa au kutajwa mambo ya mwili. Mkwe na mama mkwe ndiyo kabisa, hata njiani hupishana kwa adabu. Anayeivunja huleta mbuzi, watu wasafishwe. Na mimi nilikuwa nimewapanga baba, mama, mwana na mama mkwe bega kwa bega, kama niliyepima kwa kamba.

Pembeni mwa ule moto alikuwa ameketi bibi kizee anafuma sweta, hana habari. Mashine ikasema maneno fulani, na kati ya yote iliyosema tangu mwanzo, hayo ndiyo niliyoyajua, yalikuwa kwenye kitabu chetu cha darasa la nne. Furaha ikanishika. Nikapaza sauti:

"Na yule pale ni mama mkwe wake!"

Benchi la mbele likapinduka.

Shangazi Bosibori alijifunika kanga kichwa kizima akabaki anasema "Yaya, yaya, yaya," yaani hapana. Nyamweya alijigeuza akatazama gunia. Mzee Onchiri alikwenda mlangoni macho yameelekea chini, akausukuma. Komeo. Akaupiga kwa fimbo. Mzee Salim alikuwa msikitini na Mungu wake. Na kule ukutani mtu ameshaingia karaini, anasuguliwa mgongo, na bibi anafuma.

"Zima!" nikamwambia Daudi.

"Nikizima ghafla taa itaungua, na ni mali ya serikali!"

Basi nikakimbia mwenyewe nikaing'oa shuka. Nyuma ya shuka ukuta ulikuwa umepakwa chokaa, mweupe kuliko shuka, na picha ikakaa pale pale, kubwa zaidi. Nikasimama mbele yake nimetanua mikono niizibe. Nilikuwa nimevaa shati langu jeupe la kanisani. Mgongo wa yule mzungu ukanikaa kifuani, na mkono wa mkewe ukawa unanisugua tumbo mbele ya Ekerenyo nzima.

Hapo ndipo Mzee Salim alipofungua mlango. "Kuna nini? Nani amekufa?"

Watu walitoka kama nyuki. Mzee Onchiri alisimama nje, akaongea bila kunitazama.

"Ile karatasi uliisoma?"

Nikajipangusa chokaa mikononi.

"Nilikusikia ukisema umeisoma. Kama uliisoma, basi uliniketisha pale na mama mkwe wa mwanangu ukijua yatakayoonyeshwa. Kama hukuisoma, ulinidanganya. Chagua moja, kijana, kisha unitumie habari."

Wakaenda zao kwao. Nyumbani kuku wawili na ugali wa wimbi vilikuwa vimepikwa, tukavila sisi wenyewe, na hakuna aliyeomba chumvi. Kerubo alisubiri wadogo waondoke.

"Kaka, ungesema tu hujui."

"Mbele ya wakwe zako?"

"Si wanakuja kunioa mimi? Wanataka Kiingereza chako cha nini?"

Shangazi alikwenda kuomba msamaha, akarudi na masharti mawili. La kwanza, mbuzi. La pili, nisimame mbele ya jamaa zote mbili niseme kwa kinywa changu kwamba sijui kusoma ile karatasi, kwa sababu, alisema Mzee Onchiri, aibu ya picha inaoshwa na mbuzi lakini uongo hauoshwi na damu. Nyamweya hana neno, bado anamtaka Kerubo. Anamngoja baba yake, na baba yake ananingoja mimi.

Mnaona ni jambo dogo. Lakini wadogo zangu watakuwa wamekaa pale, wale ninaowachapa wakikosa shule, ambao tangu tulipowazika wazazi nimewaambia niliacha kwa kuwa nilishajua yote ya kufundishwa.

Nimeapa kwamba sitasema tena nimesoma kitu nisichokisoma, hata kiwe kibandiko cha chupa ya dawa. Kiapo ni rahisi, unakila peke yako. Mbuzi nilimpeleka, beberu mzima, akachinjwa na kuliwa, Mzee Onchiri mwenyewe akala paja. Yale maneno bado ninadaiwa. Mavuno yamepita, na Kerubo yuko nyumbani.